Kutoka Kamarampaka hadi Nyarushishi: Uwanja wa Michezo na Upatanisho wa Wanyarwanda

Upatanisho, kwa maana itakayotumika katika mhadhara huu, ni hali ya watu waliodhuriana, au waliozaliwa na wazazi waliodhuriana, kurudia kutegemeana katika shughuli za kila siku bila hofu na bila unafiki, huku yaliyotendeka yakiwa yamesemwa wazi na waliotenda wakiwa wamewajibishwa. Maana hii ni finyu kuliko ile inayopendwa katika hotuba za sherehe, ambamo upatanisho hufanywa kuwa furaha ya pamoja, lakini ndiyo inayoweza kupimwa mlimani, yaani kwenye makazi ya kijijini ya Wanyarwanda, ambako mtu huazima jembe, huomba moto, humwachia jirani mtoto, na mgonjwa hubebwa katika ingobyi, yaani machela ya asili, mabegani mwa watu wanne ambao hakuna hata mmoja wao anayeweza kuiinua peke yake. Michezo ikitajwa kuwa dawa ya jamii iliyogawanywa kwa misingi ya rangi au ya nasaba, inapaswa kupimwa kwa kipimo hicho hicho: je, inawafanya watu wategemeane, au inawafanya washangilie pamoja kwa saa mbili na kisha kila mmoja arudi kwake na aliyokuja nayo?

Mfano unaotajwa kuliko yote ni wa Afrika Kusini. Tarehe 24 Juni 1995, katika uwanja wa Ellis Park mjini Johannesburg, timu ya taifa ya raga iliishinda New Zealand kwa pointi 15 kwa 12 katika muda wa nyongeza wa fainali ya Kombe la Dunia, na Rais Nelson Mandela, aliyevaa jezi ya timu hiyo yenye namba 6 ya nahodha François Pienaar, akakabidhi kombe mbele ya umati ambao wengi wao walikuwa Wazungu. Jezi hiyo ilikuwa imehesabiwa na Waafrika wengi, kwa miongo kadhaa, kuwa vazi la watawala wao, hivyo kitendo cha kuivaa kilikuwa cha kisiasa kabla ya kuwa cha kimichezo, na kilihitaji ujasiri. Hata hivyo, katika kikosi kile hakukuwa na mchezaji asiye Mzungu ila Chester Williams peke yake, na nyumba, shule na ardhi ziliendelea kugawanyika kama zilivyogawanywa na Sheria ya Maeneo ya Makundi ya mwaka 1950, ambayo ilikuwa imemwekea kila mtu mtaa wa kuishi kulingana na rangi aliyoandikiwa na serikali. Tamasha kubwa lilikuwa na maana huko kwa sababu watu walikuwa wametengwa kwa masafa: waliokaa mbali walihitaji kuonana, na runinga iliwaonesha kila upande kwamba upande wa pili nao unashangilia.

Rwanda haikugawanyika namna hiyo, na hapa ndipo ulinganisho unaofanywa kwa haraka unapoharibika. Wahutu, Watutsi na Watwa walizungumza lugha moja, wakasali katika makanisa yale yale, wakaishi mlima mmoja na mara nyingi wakapakana shamba kwa shamba. Neno la Kinyarwanda ubwoko, ambalo leo hutafsiriwa kuwa kabila, lilitumika hasa kutaja koo kama vile Abanyiginya, Abega, Abazigaba, Abasinga na Abagesera, na ndani ya kila ukoo wa aina hiyo walikuwamo Wahutu, Watutsi na Watwa. Ni nadharia za wageni wa karne ya 19, hasa ile ya John Hanning Speke aliyedhani kwamba watawala wa nchi za Maziwa Makuu walikuwa uzao wa wavamizi kutoka kaskazini, zilizogeuza tofauti za mali, kazi na ukaribu na ikulu kuwa tofauti za damu. Na ni utawala wa Ubelgiji ulioyapiga muhuri mawazo hayo katika miaka ya 1930 kwa kuandika ubwoko wa kila mtu katika kitambulisho. Tangu hapo neno ubwoko likawa na maana nyingine, na kadi ikawa na uwezo wa kumuua mwenye nayo. Mgawanyiko wa Rwanda, basi, ulikuwa wa kirangi kwa kubuniwa, ingawa macho hayakuona rangi mbili, na mstari wake ulipita ndani ya kila mlima, ndani ya kila kijiji, na katika nyumba nyingi ulipita katikati ya kitanda cha mume na mke.

Ni jambo la kusikitisha kwamba michezo iliingia mapema katika ubunifu huo. Mwaka 1907 Duke Adolf Friedrich wa Mecklenburg, mwanamfalme wa Kijerumani aliyeongoza msafara wa uchunguzi, alifika katika baraza la Mwami Yuhi Musinga huko Nyanza na kuoneshwa gusimbuka urukiramende, yaani mchezo wa kuruka juu ya ufito uliowekwa juu ya miti miwili, ambao vijana wa ikulu walijifunza kama sehemu ya malezi yao. Picha zilizopigwa siku hizo, mojawapo ikimwonesha kijana akipita juu ya vichwa vya watu wazima waliosimama, zilisambaa Ulaya, nazo zikasomwa kama ushahidi kwamba Watutsi ni jamii ya pekee, warefu na wepesi kwa asili, ilhali aliyetazama kwa utulivu angeuliza ni nani aliyepewa muda wa kufanya mazoezi na ni nani aliyekuwa shambani. Ustadi wa mwili ulifanywa kuwa cheti cha damu. Kwa hiyo mara ya kwanza michezo ya Rwanda ilipojulikana ulimwenguni, ilitumika kugawanya.

Miongo minane baadaye ilitumika tena, kwa namna mbaya zaidi. Watafiti wa historia ya miaka ya mwanzo ya 1990 wameonesha kwamba kundi la Interahamwe, lililokuja kuwa mkono wa mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi mwaka 1994, chimbuko lake lilikuwa kwa sehemu katika vikundi vya vijana wa mpira na mashabiki wao mjini Kigali, ambavyo viongozi wa chama tawala cha MRND walivifadhili na kuvivuta. Vijana hao walikuwa wamekwisha zoea kukutana, kuvaa sare, kuimba, kusafiri pamoja na kumtii kiongozi wao, na mazoea hayo yote ni mazuri mpaka yapewe kazi mbaya. Anayesema kwamba michezo huwaepusha vijana na uovu hana budi kulitazama jambo hili bila kupepesa macho, kwa kuwa timu ni chombo, na chombo hufuata nahodha.

Viwanja vyenyewe vina historia yao, na ile ya magharibi mwa nchi ni nzito. Tarehe 12 Aprili 1994, katika uwanja wa mpira wa Gashirabwoba, ulio leo katika wilaya ya Nyamasheke, Watutsi waliokuwa wamekimbilia hapo walishambuliwa na wanajeshi na wanamgambo. Katika uwanja wa Gatwaro, mjini Kibuye, maelfu waliuawa siku chache baadaye. Mjini Kamembe kuna uwanja wa Kamarampaka, unaobeba jina lililopewa kura ya maoni ya tarehe 25 Septemba 1961 iliyokomesha ufalme. Wakimbizi waliokuwa wamejihifadhi katika kanisa kuu la Cyangugu walihamishiwa hapo tarehe 15 Aprili 1994, wakazuiliwa humo, na kesho yake baadhi yao wakaitwa kwa majina, wakatolewa nje na kuuawa. Mambo ya Gashirabwoba na Kamarampaka yalichunguzwa kwa kina na Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda, iliyokuwa na makao yake Arusha, katika kesi iliyojulikana kwa jina la Cyangugu.

Waliobaki hai Kamarampaka walihamishwa mwezi Mei kwenda kambi ya Nyarushishi, na Nyarushishi iko Nkungu. Nkungu ni umurenge, yaani tarafa, mojawapo ya tarafa 18 za wilaya ya Rusizi, na watu wapatao 8,000 walijikusanya kwenye kilima chake huku wanamgambo wakiizunguka kambi. Kilichowazuia wanamgambo wasiingie kilikuwa ulinzi wa askari wa jandarma chini ya Luteni Kanali Innocent Bavugamenshi, ambaye alichagua kutekeleza wajibu wake wakati wengi wenye vyeo kama chake walikuwa wameusaliti wao. Wanajeshi wa Ufaransa wa Operesheni Turquoise walifika hapo tarehe 23 Juni. Kwa hiyo mkaaji wa Nkungu anapozungumziwa uwanja wa michezo kama mahali pa amani, ana haki ya kukumbusha kwamba kwa wazee wake uwanja ulikuwa gereza, na kilima kisicho na magoli wala mistari ndicho kilichokuwa kimbilio. Somo linalopatikana hapo ni gumu lakini lina faida: uwanja, ukiwa uwanja tu, hauna wema wowote ndani yake, bali hupata tabia ya anayeulinda lango na ya sheria inayofuatwa ndani yake.

Hata hivyo ukweli huo haumalizi habari, kwa sababu katika mwezi ule ule wa Aprili urafiki wa mchezoni uliokoa watu. Eric Murangwa Eugene, mlinda mlango wa Rayon Sports, klabu iliyoanzishwa Nyanza katika miaka ya 1960 na kupendwa sana nchini, alikuwa Mtutsi aliyeishi Kigali. Askari waliokuja kumpekua nyumbani walitupa vitu vyake huku na huko, na albamu ya picha ikaanguka ikiwa wazi. Mmoja wao akaona picha za timu, akatambua kwamba aliye mbele yake ni Toto, jina la utani ambalo mashabiki walimwita kwa sababu alianza kudaka akiwa bado kijana mdogo, na hasira ikageuka kuwa mazungumzo juu ya ushindi ambao Rayon Sports ilikuwa imeupata muda mfupi kabla dhidi ya Al-Hilal ya Sudan. Baadaye wachezaji wenzake Wahutu walimficha na kumlisha huku wakijua adhabu yake, na hata mwanamgambo mmoja aliyekuwa mtu wa klabu alimkinga. Murangwa aliishi, akarudi golini, akaichezea timu ya taifa, na hatimaye akaanzisha kazi ya kufundisha vijana uvumilivu kupitia kandanda.

Simulizi hiyo husimuliwa kwa kawaida kama ushindi wa michezo dhidi ya chuki, na kwa kiasi fulani ndivyo ilivyo. Lakini ikisomwa kwa makini ina jeraha ndani yake. Mwanamgambo aliyemkinga golikipa wake hakuacha kuwa mwanamgambo. Albamu iliyomtuliza askari isingeweza kuwaokoa watu wa nyumba nyingine, ambazo hazikuwa na picha za Rayon Sports. Imani iliyojengwa na mchezo ilikuwa ya kweli, iliyoweza kuhimili hata tishio la kifo, lakini ilikuwa na mpaka, na mpaka wake ulikuwa timu. Mtutsi asiyejua kudaka mpira hakuingia ndani ya mpaka huo.

Utafiti wa karibuni umethibitisha jambo hilo mahali pengine kabisa. Mwanasaikolojia Gordon Allport, katika kitabu alichokitoa mwaka 1954, alieleza kwamba watu wa makundi yanayochukiana hupunguza chuki wanapokutana kwa masharti manne: wawe na hadhi sawa katika kukutana kwao, wawe na lengo moja, wahitaji kushirikiana ili walifikie, na mamlaka yaliyo juu yao yaunge mkono jambo hilo. Mtafiti Salma Mousa aliyajaribu mawazo haya kaskazini mwa Iraq, katika ligi za kandanda za Wakristo waliokuwa wamefukuzwa makwao na kundi la Dola la Kiislamu, kwa kuziongezea baadhi ya timu wachezaji Waislamu na nyingine wachezaji Wakristo watupu. Matokeo yake, yaliyochapishwa mwaka 2020, yalionesha kwamba Wakristo waliocheza na Waislamu walikuwa tayari zaidi kujiandikisha katika timu ya mchanganyiko msimu uliofuata, kumpigia kura Muislamu apewe tuzo, na kuendelea kufanya naye mazoezi miezi kadhaa baada ya ligi kwisha. Lakini mwenendo wao kwa Waislamu wasiowajua, katika mji na katika hafla za kijamii, haukubadilika kwa kiwango hicho. Kilichoonekana Kigali mwaka 1994 katika hali ya kutisha kilionekana tena Iraq katika hali ya utulivu: mchezo hupatanisha wale wanaocheza.

Ikiwa hivyo ndivyo, basi swali la kisera linageuka. Badala ya kuuliza ni ushindi gani wa timu ya taifa utakaowaunganisha wananchi, inafaa kuuliza ni kwa jinsi gani wananchi wengi iwezekanavyo wataingizwa ndani ya timu. Na hapa hali ya Rwanda, ambayo katika mauaji ilikuwa balaa kubwa, yaani kukaa kwa ujirani wa mtu na aliyemdhuru, inageuka kuwa nafasi. Afrika Kusini ililazimika kuwasafirisha watu ili wachanganyike. Katika umudugudu, yaani kijiji kilicho ngazi ya chini kabisa ya utawala wa Rwanda, timu ya vijana kumi na mmoja ikiundwa bila upendeleo, mtoto wa aliyenusurika na mtoto wa aliyehukumiwa watakuwamo kwa kawaida tu, bila mtu kuwapanga. Fimbo ya mbali haiui nyoka, na uwanja wa taifa, hata ukarabatiwe mpaka ubebe watu 45,000 kama ulivyokarabatiwa uwanja wa Amahoro na kufunguliwa upya mwaka 2024, uko mbali na ugomvi wa mpaka wa shamba huko Nkungu.

Mfano ulio bora kuliko yote, kwa maoni ya mwandishi wa mhadhara huu, haupatikani katika kandanda bali katika voliboli ya kuketi. Mchezo huu huchezwa na watu wenye ulemavu wa viungo wakiwa wameketi sakafuni, katika uwanja wenye urefu wa mita 10 na upana wa mita 6, wavu ukiwa na kimo cha mita 1.15 kwa wanaume na mita 1.05 kwa wanawake, na kanuni yake kuu ni kwamba makalio ya mchezaji yasiachane na sakafu anapoucheza mpira. Timu ya wanaume ya Rwanda ilifika katika Michezo ya Paralimpiki ya London mwaka 2012, ikiwa timu ya kwanza ya mchezo huo kutoka Afrika iliyo kusini mwa Sahara, na miongoni mwa wachezaji wake walikuwamo Dominique Bizimana, aliyepigana upande wa waasi wa RPF, na Jean Rukondo, aliyekuwa askari wa jeshi la serikali lililopigana na RPF. Kila mmoja wao alipoteza mguu katika vita hiyo.

Inafaa kukaa kidogo na kanuni za mchezo wenyewe, kwa sababu huko ndiko nguvu yake iliko. Katika voliboli mchezaji haruhusiwi kuugusa mpira mara mbili mfululizo, na timu ina miguso mitatu tu ya kuuvusha wavu. Kwa hiyo hodari hawezi kuubeba mpira peke yake kama afanyavyo mshambuliaji wa kandanda mwenye uchoyo, bali analazimika kupokea kutoka kwa mwenzake na kumpa mwenzake. Kutegemeana kumeandikwa katika sheria. Kuketi nako kunaongeza jambo lingine: aliyepoteza mguu mmoja, aliyepoteza miwili na aliyepooza hulingana kimo, na hadhi sawa ambayo Allport aliitaja kwa maneno hupatikana kwa sakafu. Zaidi ya hayo, mwili wa kila mchezaji aliyelemazwa na vita ni ushahidi ambao hauwezi kufichwa; hakuna anayeweza kujifanya kwamba hakukuwa na vita, wala anayehitaji kuikumbusha kwa hotuba kila siku. Timu ya wanawake ilifuata Rio mwaka 2016, ikarudi Tokyo na Paris, na wengi wa wachezaji wake ni wa umri ambao haukushika silaha kamwe. Wao wameurithi mchezo bila kuirithi vita iliyouleta, na huenda huo ndio urithi unaofaa zaidi.

Timu ya taifa ya kandanda, Amavubi, nayo ilifanya kazi yake, na si haki kuipuuza. Mwaka 2003, chini ya kocha Ratomir Dujković, iliishinda Uganda mjini Kampala na kisha Ghana mjini Kigali, kila mara kwa bao moja la Jimmy Gatete, ikafuzu kwa mara ya kwanza kucheza Kombe la Mataifa ya Afrika, ambalo lilifanyika Tunisia mwaka 2004. Bendera mpya ya taifa ilikuwa imepandishwa mwaka 2001 na wimbo mpya wa taifa kuanza kuimbwa mwanzoni mwa 2002, vyote viwili vikiwa vimetengenezwa ili kuachana na alama za utawala uliopita; lakini bendera iliyotungwa na tume hubaki kitambaa cha ofisini mpaka watu waipeperushe kwa hiari yao, na Gatete ndiye aliyewapa sababu ya kufanya hivyo. Lakini ushindi wa taifa una upande wake wa pili, ambao wakaaji wa Rusizi huuona upesi kuliko watu wa Kigali. Katika fainali zile za Tunisia Rwanda iliishinda Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo bao moja kwa sifuri, na katika mashindano ya CHAN ya mwaka 2016, yaliyofanyika Rwanda, Kongo ilijibu kwa kuitoa Rwanda katika robo fainali na kutwaa kombe. Mtu anayevuka daraja la mto Rusizi kwenda sokoni Bukavu, akizungumza Kiswahili na wateja wake, anajua kwamba kelele zinazowaunganisha watu wa ng'ambo moja zinaweza kumfanya yeye awe mgeni wa kutiliwa shaka ng'ambo ya pili. Umoja unaopatikana kwa kumpata mpinzani wa nje huhamisha mpaka tu.

Mbio za baiskeli zina hadithi inayofanana, nayo inaweza kuelezwa kwa kifupi. Adrien Niyonshuti, aliyepoteza ndugu zake wengi katika mauaji ya kimbari, alikuwa miongoni mwa waendesha baiskeli wa mwanzo wa timu ya taifa iliyoanza kujengwa mwaka 2007 chini ya Mmarekani Jock Boyer, na alishiriki Olimpiki ya London. Katika mchezo huo anayetangulia huwakatia upepo walio nyuma yake na kuwapunguzia kazi, hivyo timu hulazimika kupokezana uchovu. Mashindano ya Tour du Rwanda yamefika mpaka Rusizi baada ya kupita msitu wa Nyungwe, na watoto wanaosimama kando ya barabara huko huwapigia makofi wapandaji wote bila kuuliza wanatoka wapi. Septemba 2025 Kigali ilikuwa mji wa kwanza wa Afrika kuandaa mashindano ya dunia ya baiskeli za barabarani, lakini miezi saba kabla yake Bunge la Ulaya lilikuwa limetaka mashindano hayo yasifanyike huko, Rwanda isipobadilisha mwenendo wake, kwa sababu ya vita vya mashariki mwa Kongo. Tamasha kubwa huingia bila kukwepa katika mizani ya siasa za mataifa. Mechi ya kijiji haimo katika mizani hiyo, na pengine ndiyo maana haiandikwi, na ndiyo maana pia inaweza kudumu.

Inabaki kusema ni masharti gani yanayoiwezesha mechi hiyo ya kijiji kufanya kazi inayotarajiwa. La kwanza, ambalo likikosekana mengine yote ni bure, ni haki. Mahakama za gacaca, zilizoketi nyasini vijijini kote na kufungwa mwaka 2012 baada ya kushughulikia kesi zipatazo milioni 1.9, zilikuwa na kasoro nyingi ambazo wanasheria wamezijadili, lakini zilihakikisha kwamba karibu katika kila mlima jina la aliyeua na mahali alipomtupa aliyemuua vimetajwa kwa sauti. Mpira unaochezwa kabla ya hapo unaweza kuwa njia ya kumziba mdomo aliyefiwa, kwa kumwambia acheze na asahau. Mpira unaochezwa baadaye unaweza kuwa kitu kingine, kwa sababu wachezaji wanajua wanacheza na nani.

Sharti lingine ni namna timu zinavyoundwa. Mashindano ya Umurenge Kagame Cup, ambamo wanaume na wanawake wa tarafa hushindana kuanzia ngazi za chini mpaka taifa, huwafanya watu wa tarafa moja wawe upande mmoja, na hilo ni jema; lakini mashindano ya mtoano yana tabia ya kuchagua walio hodari wachache na kuwaacha wengine pembeni wakiwa watazamaji, nao watazamaji, kama ilivyokwisha elezwa, hawapatanishwi na kutazama. Ligi ndogo inayochezwa kila wiki kwa msimu mzima, ambayo kanuni zake zinamlazimu kila aliyejiandikisha aingie uwanjani, ingefaa zaidi hata kama mpira wake utakuwa dhaifu. Refa naye asiwe mtu wa familia moja yenye nguvu. Na fedha zikiwa chache, zitumike kununua mipira na nyavu za voliboli kwa vijiji vyote kabla ya kununua jezi za timu moja inayopendeza machoni pa wageni.

Kuna ugumu mmoja wa kitaalamu ambao haustahili kufichwa. Tangu vitambulisho vyenye ubwoko vifutwe baada ya 1994, hakuna orodha ya timu yoyote Rwanda inayosema nani ni nani, na sheria inakataza ubaguzi wa aina hiyo. Kwa hiyo mtafiti hawezi kufanya Nkungu kama alivyofanya Mousa nchini Iraq, akapanga wachezaji kwa makundi na kupima. Kipimo cha upatanisho kilichokuwa kikitolewa na Tume ya Taifa ya Umoja na Maridhiano kilionesha asilimia 82.3 mwaka 2010, 92.5 mwaka 2015 na 94.7 mwaka 2020, lakini asilimia hizo ni za nchi nzima na hazisemi ni kiasi gani kilitoka uwanjani. Huenda hasara hii ya utafiti ni faida ya watoto. Mtoto aliyezaliwa Nkungu mwaka 2010 na anayecheza beki wa kushoto anajulikana kwenye karatasi ya kocha kwa jina lake, umri wake na namba yake, na karatasi hiyo haina nafasi ya jambo la nne.

Kila mwaka, kuanzia tarehe 7 Aprili, ligi za Rwanda husimama kwa wiki ya maombolezo, na katika miezi inayofuata vyama vya michezo huandaa mashindano ya kuwakumbuka wachezaji, makocha na waamuzi waliouawa. Kwa siku hizo chache mipira ya Nkungu nayo hubaki ndani, na njia inayopanda Nyarushishi hujaa watu wanaokwenda kuwakumbuka wafu. Wiki ikiisha, wachezaji wale wale, waliosimama bega kwa bega kilimani, baadhi wakiwa na wa kuwalilia na baadhi wakiwa na wa kuwaonea haya, hurudi uwanjani jioni, na mmoja wao hulazimika kuanza kumpa mwenzake pasi.